Kamera Isiyo na Jina na Kiendeshi Chake

Hadubini ni chombo cha jicho moja. Katika shule nyingi za sekondari hadubini iliyo nzima ni moja au mbili, ilhali darasa lina wanafunzi 40 au 60. Kila mmoja huinama kwa nusu dakika, akaona duara la mwanga na vivuli vya kope zake mwenyewe, kisha humpisha mwenziwe. Na kengele hulia kabla nusu ya darasa haijaiona seli ya kitunguu. Wengi hutoka maabara wakiwa wameuona mchoro wa kitabuni tu.

Ipo njia ya kuipunguza shida hiyo kwa gharama ndogo. Kamera ya kompyuta, ile ndogo ya kubana juu ya skrini, ikiwekwa mbele ya lenzi ya juu ya hadubini, mahali ambapo jicho lingekaa, na kushikizwa hapo kwa bomba la karatasi ngumu, huonyesha utando wa kitunguu kwenye skrini au ukutani, na darasa zima huuona kwa pamoja. Kamera za namna hiyo hupatikana kwa bei nafuu katika maduka ya Kariakoo, Dar es Salaam, na ya Luthuli Avenue, Nairobi. Aghalabu hazina jina la mtengenezaji. Boksi limeandikwa kwamba ndani mna kamera ya kompyuta, na basi. Sahani ya CD iliyomo, kama imo, ni ya Windows ya zamani. Tena kompyuta nyingi za leo za kubebeka hazina mahali pa kuiingiza.

Hapo ndipo juhudi ya mwalimu inapokwama. Kamera imechomekwa, taa yake pengine imewaka, lakini picha haipo. Akitafuta kwenye intaneti maneno "kiendeshi cha kamera ya kompyuta", huletewa kurasa zisizo na idadi, kila moja ikiahidi programu moja itakayotengeneza kila kifaa. Baadhi ya programu hizo ni virusi vitupu. Basi mambo huishia katika mojawapo ya hali mbili: ama maabara nzima ya kompyuta huambukizwa, ama kamera hutupwa katika droo pamoja na vifaa vingine vilivyokatiwa tamaa. Yote mawili hayana lazima. Kamera isiyo na jina juu ya boksi inalo jina ndani yake, na hulitaja yenyewe kila inapochomekwa. Kinachotakiwa ni kulisoma.

Kazi ya kiendeshi

Mfumo wa uendeshaji, uwe Windows, Linux au mwinginewe, ni mkusanyo wa programu zinazosimamia kazi zote za kompyuta. Waundaji wake hawakuweza kukijua kila kifaa ambacho kingetengenezwa baada yao. Kwa hiyo waliacha nafasi ili kila kifaa kije na mkalimani wake. Mkalimani huyo ni programu ndogo iitwayo kiendeshi. Mafundi wa madukani huiita draiva.

Programu ya mazungumzo ya video inapotaka picha, huuomba mfumo wa uendeshaji picha, pasipo kujali kamera ni ya aina gani. Mfumo hukipitishia kiendeshi ombi hilo. Kiendeshi nacho huandika namba fulani katika sehemu fulani za chipu iliyomo ndani ya kamera: namba hii huamsha kihisi cha mwanga, ile hurekebisha weupe, ile nyingine huanzisha mtiririko wa picha. Chipu ya kiwanda kingine hufanya kazi zizo hizo kwa namba nyingine kabisa. Kuipa kamera kiendeshi kisicho chake ni sawa na kumleta mkalimani wa Kichina aje amtafsirie Mreno. Hata akiwa hodari namna gani, hawatasikilizana.

Kwa nini viwanda havikukubaliana mapema juu ya lugha moja? Sehemu kubwa ya jibu imo katika hesabu. Picha ya upana wa pikseli 640 na kimo cha pikseli 480 ina pikseli 307,200. Kila pikseli ikichukua baiti 2, picha moja ni baiti 614,400. Ili mwendo uonekane laini, zinahitajika picha 30 kwa sekunde, yaani baiti 18,432,000, ambazo ni zaidi ya biti milioni 147 kwa kila sekunde. Kanuni za USB zilizotolewa mwaka 1996, na kurekebishwa mwaka 1998, ziliruhusu biti milioni 12 tu kwa sekunde. Mzigo ulikuwa mkubwa kuliko njia kwa zaidi ya mara 12.

Watengenezaji wa chipu hawakuwa na budi kuibana picha kabla ya kuituma. Wako waliotumia JPEG, mbinu ijulikanayo na wote. Wako waliobuni mbinu zao na kuziweka siri ya biashara. Kila mbinu ilihitaji kiendeshi kinachojua kuifumua. USB ya toleo la pili, iliyotolewa mwaka 2000, ilipanua njia hadi biti milioni 480 kwa sekunde, na haja ya kubana namna hiyo ikapungua. Lakini kwa wakati huo ulikwisha kuwako msitu wa kamera zisizosikilizana. Kamera nyingi za bei ndogo zilizolala katika droo za shule zilitoka katika msitu huo.

Jina lililomo ndani ya chipu

Yafaa kutazama kwa makini yanayotokea katika sekunde ya kwanza kamera inapochomekwa, kwa maana hapo fizikia ya darasani inaonekana ikifanya kazi.

Waya wa USB wa toleo la kwanza na la pili una nyuzi nne: mbili za kupeleka umeme wa volti 5, na mbili za data ziitwazo D+ na D−. Ndani ya kamera, uzi wa D+ umeunganishwa na volti 3.3 kupitia kikinza cha omu 1,500. Katika upande wa kompyuta, kila uzi wa data umeunganishwa na volti sifuri kupitia kikinza cha omu 15,000. Kabla kamera haijachomekwa, nyuzi zote mbili ziko kwenye volti sifuri. Kamera inapoingia, vikinza viwili hufuatana katika mkondo mmoja, na volteji ya D+ huwa 3.3 × 15,000 ÷ 16,500, ambayo ni volti 3.0 kamili. Kompyuta huona uzi umepanda kutoka sifuri hadi volti 3, ikajua kwamba mgeni amefika. Kifaa chepesi kama vile kipanya cha kawaida huipandisha D− badala ya D+, na kwa tofauti hiyo tu kompyuta hujua kwamba mgeni huyo ni wa mwendo wa pole.

Mgeni akishafika huulizwa yeye ni nani. Kwa kanuni za USB, kila kifaa lazima kijibu swali hilo kwa baiti 18 zilizopangwa kwa utaratibu usiobadilika. Baiti ya 9 na ya 10 hutaja namba ya mtengenezaji. Ya 11 na ya 12 hutaja namba ya kifaa chenyewe. Namba za watengenezaji hugawiwa kwa ada na shirika linalosimamia kanuni za USB, ili wawili wasije wakatumia moja. Kwa kuwa ada hiyo ni maelfu ya dola, warsha ndogo inayounganisha plastiki, lenzi na chipu aghalabu haijisajili. Huiacha namba ya kiwanda kilichotengeneza chipu. Kwa mwenye kutafuta kiendeshi hilo ni jambo la heri, kwani chipu ndiyo anayohitaji kuijua, wala si plastiki.

Chukua mfano wa kamera moja ya kweli iliyouzwa kwa wingi katika miaka ya 2000 chini ya majina mengi na bila ya jina. Hujibu 0AC8 kwa mtengenezaji na 301B kwa kifaa. Namba hizi zimeandikwa katika msingi wa 16, ambamo herufi A hadi F husimama badala ya 10 hadi 15. Kwa hiyo 0AC8 ni 10 × 256 + 12 × 16 + 8, yaani 2,760. Na 301B ni 3 × 4,096 + 1 × 16 + 11, yaani 12,315. Namba 0AC8 ni ya kampuni ya Z-Star Microelectronics, na 301B ni chipu yake iitwayo ZC0301. Chipu za ukoo huo zilikuwamo pia ndani ya baadhi ya kamera za Logitech na Creative, kampuni zenye majina makubwa. Jina la juu ya boksi, hata likiwapo, halitoshi kumwambia mtu ni nini kilichomo.

Pamoja na namba hizo mbili kifaa hutaja jamii yake. Jamii 03 ni ya kibodi na vipanya. 08 ni ya flashi na diski. 0E ni ya video. Kifaa kinachotaja jamii huahidi kuzungumza lugha ya pamoja ya jamii hiyo, na mfumo wa uendeshaji huwa tayari na mkalimani mmoja kwa wanajamii wote. Ndiyo sababu flashi ya kiwanda chochote hufunguka bila ya mtu kusakinisha kitu. Kifaa kinachotaja FF hutangaza kwamba kina lugha yake peke yake.

Lugha ya pamoja ya video ilichelewa. Kanuni zake, zijulikanazo kwa herufi UVC, zilitolewa mwaka 2003. Microsoft iliweka kiendeshi chake katika marekebisho ya pili ya Windows XP mwaka 2004, na Linux ikakipokea mwaka 2008 katika toleo la 2.6.26. Kamera iliyotengenezwa siku hizi, hata ile isiyo na jina kabisa, kwa kawaida ni ya jamii 0E. Iliyotengenezwa kabla ya hapo kwa kawaida ni FF, na ZC0301 ni mojawapo.

Kuzisoma namba

Katika Windows 10 na 11, kitufe cha Start kikibofywa kwa upande wa kulia wa kipanya hutokea orodha ambayo ndani yake mna Device Manager, yaani daftari la vifaa vyote vya kompyuta. Kamera iliyokosa kiendeshi huwa chini ya kichwa Other devices ikiwa na pembetatu ya manjano yenye alama ya mshangao. Mtu akiifungua kwa kuibofya mara mbili, hukuta maelezo kwamba viendeshi vya kifaa hiki havijasakinishwa, pamoja na namba ya kosa 28. Katika ukurasa wa Details mna kisanduku cha kuchagua. Akichagua Hardware Ids huonyeshwa mstari kama huu:

USB\VID_0AC8&PID_301B

Herufi VID hutangulia namba ya mtengenezaji, na PID hutangulia namba ya kifaa. Katika kisanduku hicho hicho akichagua Compatible Ids, huonyeshwa jamii: mstari wenye Class_0E ni wa kamera ya lugha ya pamoja, na wenye Class_FF ni wa kamera yenye lugha yake. Katika Linux kazi yote humalizwa na amri moja, lsusb, ambayo huandika namba hizo mbili zikitenganishwa na nukta mbili: 0ac8:301b.

Tarakimu hizo nane zikiandikwa kwenye kikaratasi na kubandikwa chini ya kamera, mwalimu atakayeikuta miaka mitano baadaye hatahitaji kuanza upya.

Yako matokeo ya tatu ambayo huwapotezea watu siku nzima. Pengine mstari husomeka VID_0000&PID_0002, na kosa lililotajwa ni 43. Hiyo si namba ya kiwanda chochote. Ni Windows yenyewe inayoeleza kwamba mgeni amefika, ameulizwa jina, na hakujibu. Kiendeshi kilichoandikwa na yeyote hakiwezi kumsaidia. Kasoro iko katika waya, tundu au umeme. Waya wa USB ya toleo la pili haupaswi kuzidi mita 5, na waya wa kuongezea wa bei rahisi huweza kuharibu mawasiliano hata katika mita 2 au 3. Tundu la kawaida hutoa mkondo usiozidi miliampea 500. Kigawio kisicho na umeme wake, kikiwa kimechomekwa kibodi, kipanya, flashi na kamera, huwagawia wote mkondo huo mmoja. Dawa ni kuichomeka kamera moja kwa moja katika kompyuta, na ikiwa ni kompyuta ya mezani, katika tundu la nyuma, ambalo limeungwa juu ya bamba kuu lenyewe. Ikiendelea kujibu sifuri hata katika kompyuta ya pili, kamera hiyo imekufa.

Kutafuta na kusakinisha

Kamera ya jamii 0E haihitaji kutafutiwa kitu, na atakayeitafutia kiendeshi huenda akaiharibia. Hutokea CD ya zamani ikasakinisha kiendeshi kisichofaa juu ya kile kilichokuwa kikifanya kazi. Hapo, katika Device Manager, huchaguliwa Update driver, kisha njia ya kutafuta ndani ya kompyuta yenyewe, kisha kuchagua kutoka orodha. Miongoni mwa majina yatakayotokea mtakuwa na USB Video Device. Hicho ndicho kiendeshi cha lugha ya pamoja, na kikichaguliwa picha hurejea.

Kamera ya jamii FF ndiyo yenye kazi. Mahali pa kwanza pa kuitafutia ni ghala la Microsoft liitwalo Microsoft Update Catalog, ambalo hukubali kutafutiwa kwa maneno VID_0AC8&PID_301B yenyewe. Mahali pa pili ni tovuti ya kampuni iliyotengeneza chipu au ya kampuni kubwa iliyouza kamera yenye namba ileile. Kurasa zinazodai kwamba programu yao moja hutengeneza vifaa vyote, na zile zenye vitufe vitano vya kupakua ambavyo kimoja tu ndicho cha kweli, ni bora ziachwe hata kama jina la kamera limeandikwa hapo kwa usahihi. Jina kuandikwa katika ukurasa hakugharimu kitu.

Kiendeshi kilichopatikana kinaweza kuchunguzwa kabla ya kusakinishwa, na jambo hili ni watu wachache wanaolifanya. Ndani ya furushi la kiendeshi cha Windows mna faili ambalo jina lake huishia na .inf. Faili hilo ni maandishi ya kawaida. Hufunguliwa kwa Notepad kama barua yoyote. Humo zimeorodheshwa namba za vifaa vyote ambavyo kiendeshi hicho kinavijua. Mtu akitafuta VID_0AC8&PID_301B na asiione, amekwisha kujua kwamba furushi hilo halimfai, hata kama picha ya kamera yake imo ukurasani. Atafute pia neno amd64. Ikiwa halimo, kiendeshi ni cha Windows ya biti 32 na hakitapakiwa katika Windows ya biti 64, na Windows 11, iliyotolewa mwaka 2021, ni ya biti 64 peke yake. Kurasa mbili za maandishi humwokoa mtu na majaribio ya alasiri nzima.

Ikiwa yote mawili yamo, usakinishaji ufanywe kupitia Device Manager, kwa Update driver na kuonyesha folda lilikofunguliwa furushi. Njia hii huchukua kiendeshi peke yake. Programu ya kusakinisha inayokuja pamoja nacho huongeza vitu ambavyo hakuna aliyeviomba, kama fremu za maua za kuzungushia nyuso na matangazo ya biashara.

Huenda Windows ikakataa, ikisema kwamba kiendeshi hakina sahihi ya kidijitali. Tangu Windows Vista ya mwaka 2007, matoleo ya biti 64 hayakubali kiendeshi kisicho na sahihi kiingie katika kiini cha mfumo. Mtandaoni yamejaa maelekezo ya kuuzima ulinzi huo, tena yameandikwa kwa upole kana kwamba ni kuzima taa ya chumbani. Yafaa ifahamike ni nini kinachozimwa. Programu ya kawaida huishi ndani ya mipaka: haiwezi kusoma kumbukumbu ya programu nyingine wala kuamrisha diski moja kwa moja. Kiendeshi cha namna hii hakina mipaka hiyo. Kikiingia ndani ya kiini, huweza kusoma kila herufi inayopigwa, pamoja na neno la siri la mwalimu anayeingiza matokeo ya mitihani, na huweza kujificha kwa programu inayotafuta virusi. Hata sahihi yenyewe si kinga timilifu. Mwaka 2010 iligunduliwa Stuxnet, programu haribifu iliyoshambulia mitambo ya kurutubishia uranium huko Iran. Viendeshi vyake vilikuwa na sahihi halali, zilizotiwa kwa vyeti vilivyoibwa kutoka kampuni mbili za Taiwan. Ikiwa wenye sahihi huweza kuwa hivyo, asiyetaka kutia sahihi kabisa asipewe ufunguo wa nyumba kwa ajili ya kamera ya bei ya vitabu viwili.

Je, basi kamera ya ZC0301 iliyokosa kiendeshi cha biti 64 itupwe? La. Ipo njia nyingine, na chanzo chake ni habari isiyojulikana sana. Mfaransa Michel Xhaard, daktari wa kutibu watu kwa kazi yake, alianza kuandika viendeshi vya kamera za USB kwa ajili ya Linux katika miaka ya 2000 kwa sababu viwanda vingi havikuviandika. Aliongeza chipu moja baada ya nyingine, hadi kazi yake, iitwayo gspca, ikazijua zaidi ya kamera 200 tofauti. Jean-François Moine aliipanga upya, na mwaka 2008 ikaingizwa ndani ya Linux yenyewe, katika toleo la 2.6.27. Tangu hapo kamera za ukoo wa ZC0301 hazihitaji kusakinishiwa kitu katika Linux. Zikichomekwa, kiendeshi chao kimekwisha kuwamo.

Tena si lazima kuifuta Windows. Aina nyingi za Linux, kama Ubuntu na Debian, huweza kuandikwa kwenye flashi ya gigabaiti 8 na kompyuta ikaanzishwa kutoka humo, bila ya kugusa diski yake. Kompyuta ya zamani yenye kumbukumbu ya gigabaiti 4 hutosha. Hali ya kuchekesha ni kwamba kamera iliyokataliwa na kompyuta mpya ya ofisini hufanya kazi mara moja katika kompyuta kuukuu ya maabara, na hiyo ya maabara ndiyo iliyo karibu na hadubini.

Mbele ya hadubini

Kiendeshi kikikubali, alama ya manjano huondoka. Picha ikiwa bado nyeusi, sababu za kawaida ni tatu. Windows 10 na 11 zina swichi katika mipangilio ya faragha inayozuia programu zote kuona kamera, na mara nyingi swichi hiyo imefungwa. Pili, kwa kawaida kamera huhudumia programu moja kwa wakati mmoja. Programu ya mazungumzo iliyoachwa wazi nyuma ya nyingine huishikilia. Tatu, kifuniko cha lenzi, jambo ambalo kila fundi amewahi kulikuta na hakuna fundi anayelisimulia.

Kamera ijaribiwe kwanza kwa kuelekezwa dirishani, kabla ya kupelekwa kwenye hadubini, ili kasoro ya kamera isichanganywe na kasoro ya taa au ya kioo. Katika Linux programu ya Cheese au guvcview hufaa kwa jaribio hilo. Katika Windows hutosha programu ya Camera iliyomo. Kisha hadubini hurekebishwa kwa jicho kama kawaida, kwa lenzi ya ukuzaji mdogo, mpaka utando wa kitunguu uonekane wazi. Ndipo kamera iwekwe juu ya lenzi ya macho, na pete ya lenzi yake izungushwe polepole. Kamera nyingi za bei nafuu zina pete hiyo, na ile ya kulenga mbali sana ndiyo ifaayo, kwa kuwa miali itokayo katika hadubini iliyorekebishwa kwa jicho lililotulia huwa sambamba, mithili ya miali itokayo mbali. Bomba la karatasi nyeusi lizibe mwanga wa pembeni. Duara dogo likionekana katikati ya giza, kamera iko juu au chini mno. Hupandishwa au kushushwa milimita chache mpaka duara lijaze skrini, na kuta za seli zitokee, zikiwa zimepangana kama matofali, na ndani ya kila moja doa la kiini lililotiwa rangi ya iodini.